Kuandaa dai la mpigania uhuru wa Mau Mau: mwongozo kwa familia na wasaidizi wa kisheria

Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya watoto na wajukuu wa wazee waliopigana, waliofungwa au waliowekwa kizuizini nchini Kenya wakati wa hali ya hatari, iliyotangazwa tarehe 20 Oktoba 1952 na kuondolewa Januari 1960. Umewalenga pia wasaidizi wa kisheria wa vijijini, ambao ndio familia hizo huwaendea kwanza. Wazee waliobaki wamepita miaka 80, na wengi wao wangali wanauliza ni lini watapewa cha kuwatunza uzeeni. Wana haki ya kuuliza hivyo, na wana haki pia ya kusaidiwa na watu wanaojua ni nini hasa kinachoangusha madai ya aina hii mahakamani.

Hatua ya kwanza: amua unadai nini na unamdai nani

Familia nyingi huanza kwa kumpeleka mzee kwenye ofisi ya pensheni na kurudi mikono mitupu. Sheria ya Pensheni (Sura 189) inahusu watumishi wa umma, na mtu aliyekuwa msituni Nyandarua au kizuizini Manyani hakuajiriwa na serikali, kwa hiyo hakuna faili lake la kufunguliwa huko. Yapo mambo manne tofauti ambayo anaweza kuyafuatia, na kila moja lina uthibitisho wake.

Lililo jepesi zaidi ni ruzuku ya wazee chini ya mpango wa Inua Jamii, ambao humpa aliyetimiza miaka 70 shilingi 2,000 kwa mwezi. Fedha hizo ni kidogo, na hazimtambui mzee kama mpigania uhuru, lakini hazihitaji uthibitisho wa kiapo cha Mau Mau wala wa kambi. Hakikisheni kwanza kwamba mzee amesajiliwa huko kupitia kwa chifu, kwa sababu mashauri huchukua miaka na tumbo halingoji.

La pili ni kutambuliwa rasmi chini ya Sheria ya Mashujaa wa Kenya ya mwaka 2014, iliyounda Baraza la Kitaifa la Mashujaa na kulipa kazi ya kuwatafuta na kuwaenzi mashujaa. Pelekeni ombi kwa maandishi, na mbaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Mjue hata hivyo kwamba kutambuliwa kuwa shujaa hakumlazimishi mtu yeyote kulipa fidia ya mateso.

La tatu ni fidia kutoka kwa serikali ya Uingereza, na la nne ni ombi la kikatiba katika Mahakama Kuu ya Kenya dhidi ya serikali ya Kenya yenyewe. Haya mawili ndiyo yenye mabishano makubwa. Tatizo la msingi ni kwamba Uingereza ilidai mahakamani kuwa deni lote la serikali ya kikoloni lilihamia Kenya siku ya uhuru, nayo serikali ya Kenya ikasema wazi kwamba haikurithi deni hilo. Mzee hujikuta katikati ya milango miwili, na kila mlango unamwelekeza kwenye mwingine. Kwa hiyo kabla ya kuandika neno lolote, andikeni juu ya ukurasa jina la mdaiwa na tendo mnalomdai. Aliyepigwa na ofisa wa magereza mwaka 1957 ana mdaiwa mmoja, na aliyenyimwa ardhi baada ya 1963 ana mwingine kabisa. Kuwachanganya katika karatasi moja kunadhoofisha madai yote mawili.

Hatua ya pili: zisomeni kesi mbili za London kabla ya kuandaa yenu

Hakuna shule nzuri zaidi ya kesi hizi mbili, maana zilihusu historia ileile, mdaiwa yuleyule na sheria ileile, lakini zikaishia mahali tofauti.

Ya kwanza ni kesi ya Ndiku Mutua na wenzake, iliyofunguliwa mwaka 2009. Julai 2011 Jaji McCombe alikataa ombi la serikali ya Uingereza la kuifuta mapema, na tarehe 5 Oktoba 2012 akaamua kwamba Paulo Muoka Nzili, Wambugu wa Nyingi na Jane Muthoni Mara wangeweza kuendelea na madai yao ingawa muda wa kisheria ulikuwa umepita kwa miongo mingi. Sheria ya ukomo wa muda ya Uingereza ya mwaka 1980 inatoa miaka mitatu kwa dai la jeraha la mwili, lakini kifungu chake cha 33 kinamruhusu jaji kuuweka kando ukomo huo ikiwa kesi bado inaweza kuendeshwa kwa haki. Serikali ya Uingereza haikupinga kwamba watatu hao waliteswa. Kilichomshawishi jaji kuhusu muda ni wingi wa nyaraka. Mapema mwaka 2011 ilijulikana kwamba mafaili yapatayo 1,500 yaliyohamishwa kutoka Kenya wakati wa uhuru yalikuwa yamefichwa katika kituo cha serikali cha Hanslope Park, Uingereza, nao wanahistoria David Anderson, Caroline Elkins na Huw Bennett waliweza kuonyesha nani aliagiza nini na nani alijua. Tarehe 6 Juni 2013 serikali hiyo ilieleza majuto yake bungeni na kukubali kulipa pauni milioni 19.9, gharama zikiwemo, kwa wadai 5,228. Hata bila kutoa gharama za mawakili, hiyo ni pauni 3,806 kwa kila mtu. Ni malipo ya chini mno kwa miaka waliyopoteza, na familia inapaswa kulijua hilo kabla mtu hajaja kuwaahidi mamilioni.

Ya pili ni kesi ya kundi la Kimathi, iliyokuwa na wadai zaidi ya 40,000. Mahakama ilichagua wadai wachache wa kupima, yaani wa kuwakilisha wengine, na Agosti 2018 Jaji Stewart akakataa kuweka kando ukomo wa muda katika dai la mmoja wao, kisha mwishoni mwa mwaka huohuo kesi nzima ikatupwa. Sababu zake zinafaa kubandikwa ukutani kwa kila anayeandaa dai: zaidi ya miaka 50 ilikuwa imepita, mashahidi wa upande wa pili walikuwa wamekufa, nyaraka zilizobaki zilieleza mfumo kwa jumla lakini hazikumgusa mdai aliyekuwa mbele ya mahakama, na kumbukumbu za wazee hazikuweza kupimwa dhidi ya kitu chochote. Mahakama iliamua pia kwamba hofu peke yake, bila jeraha la mwili wala ugonjwa wa akili, haihesabiwi kuwa jeraha.

Ninavyozisoma hukumu hizi, tofauti haikuwa ukubwa wa mateso. Wadai wa kwanza waliweza kufungamanishwa, mmoja mmoja, na kambi, mwaka na amri inayojulikana. Wambugu wa Nyingi alikuwa katika kambi ya Hola tarehe 3 Machi 1959, siku waliyouawa watu 11 kwa kipigo, tukio ambalo lilijadiliwa hadi katika bunge la Uingereza. Hukumu ya 2018 imeufanya mlango wa London kuwa mwembamba sana, na wakili mkweli atawaambia hivyo siku ya kwanza. Hata hivyo kazi ya kumfungamanisha mzee na mahali na wakati ndiyo itakayohitajika katika njia nyingine zote, iwe ni Nairobi, mbele ya Baraza la Mashujaa au mbele ya tume yoyote itakayoundwa siku za usoni.

Hatua ya tatu: andikeni maelezo ya mzee kwa utaratibu

Hapa ndipo pa kutumia muda mwingi kuliko mahali pengine popote. Mzee ahojiwe kwa lugha yake ya nyumbani, iwe Kikuyu, Kiembu, Kimeru au Kikamba, na sauti yake irekodiwe yote bila kukatwa. Maelezo yaandikwe kwanza katika lugha hiyo, kisha yatafsiriwe na mtu asiye wa familia, ambaye ataweka saini kuthibitisha kwamba tafsiri ni sahihi. Msianze kwa kuuliza mateso. Anzeni na alikozaliwa, shamba alikofanya kazi, nani alimlisha kiapo, alikamatwa na nani, akapelekwa wapi kwanza na wapi baadaye, kwa sababu wengi walipitishwa katika mlolongo wa kambi, na mfuatano wa kambi hizo ndio unaoweza kulinganishwa na kumbukumbu za serikali.

Wazee wachache wanakumbuka tarehe, na kuwalazimisha kutaja tarehe ni kuwatengenezea uongo. Waulizeni kwa matukio. Je, ilikuwa kabla au baada ya msako wa Nairobi ulioitwa Anvil, uliofanyika tarehe 24 Aprili 1954? Dedan Kimathi, kiongozi wa wapiganaji, alikuwa bado msituni, au alikuwa ameshakamatwa, jambo lililotokea tarehe 21 Oktoba 1956? Habari za vifo vya Hola alizisikia akiwa kizuizini au nyumbani? Wakati huo watu walikuwa wameshahamishiwa vijiji vya kulazimishwa, vilivyokusanya zaidi ya watu milioni moja, au bado waliishi katika maboma yao? Umri nao utafutwe kwa rika: aliyetahiriwa na kundi la Forty, yaani mwaka 1940, hawezi kuwa amezaliwa 1938 hata kama kitambulisho kinasema hivyo.

Tazameni tofauti kati ya sentensi mbili za mfano. "Wazungu walinitesa sana Manyani" ni kweli tupu, lakini hakuna jaji anayeweza kuipima. Linganisheni na hii: "Nilifikishwa Manyani kwa treni miezi michache baada ya Anvil; aliyenipiga ni askari jela Mwafrika ambaye jina lake silijui, na ofisa Mzungu tuliyemwita kwa jina la utani alikuwa amesimama mlangoni akitazama; mkono wa kushoto ulivunjika, nikakaa nao bila kutibiwa, na tangu hapo haunyooki." Sentensi ya pili ina kambi, kipindi, mtendaji, ofisa aliyeruhusu na jeraha linaloweza kukaguliwa leo. Uwepo wa ofisa ndio unaolihusisha tendo na serikali, kwa hiyo kila tukio liulizwe nani alikuwepo, nani alitoa amri, na kama aliyepiga alikuwa askari jela, polisi au homugadi, yaani mgambo wa kijijini aliyewatumikia wakoloni.

Jambo ambalo mzee hakuliona mwenyewe lisemwe kwamba aliambiwa, na na nani. Asilolikumbuka liandikwe kwamba halikumbuki. Kila toleo la maelezo lipewe namba na lihifadhiwe, hata lile la kwanza lililoandikwa vibaya kwenye fomu ya chama cha wazee, kwa sababu mawakili wa upande wa pili huanza kazi yao kwa kulinganisha fomu ya kwanza na kiapo cha mwisho, na tofauti isiyoelezwa inaonekana kama uongo hata pale ambapo ni kosa la mwandishi.

Wanawake walioteswa kingono wahojiwe na mwanamke, faraghani, na kamwe wasihojiwe mbele ya wana wao au wakwe zao. Jane Muthoni Mara aliyasema yake hadharani, na ujasiri huo uliwafungulia wengine njia, lakini hakuna nyanya anayewajibika kufanya kama yeye. Akisema hapana, heshimuni.

Maelezo yakikamilika yageuzwe kuwa hati ya kiapo mbele ya kamishna wa viapo. Ikiwa mzee hasomi au haoni, hati yenyewe lazima ionyeshe kwamba alisomewa na kufafanuliwa kwa lugha anayoielewa kabla ya kuweka dole gumba. Elezeni ndani yake pia kwa nini alichelewa kudai. Mau Mau ilipigwa marufuku na wakoloni mwaka 1950, na marufuku hayo hayakuondolewa hadi 2003, miaka 40 baada ya uhuru, kwa hiyo kwa muda huo wote wazee hawakuweza kujiandikisha kisheria kama chama, na wengi walificha au walichoma karatasi zao. Katika ombi la kikatiba hakuna kikomo maalumu cha miaka, lakini mahakama za Kenya hutaka ucheleweshaji uelezwe.

Hatua ya nne: tafuteni karatasi, mkianza na jina

Jina ndilo hupoteza faili. Kumbukumbu za wakati huo ziliandika jina moja likifuatiwa na la baba, kwa mtindo wa "Kamau s/o Njoroge", na karani aliandika alivyosikia. Mzee huyohuyo leo ana jina la ubatizo kwenye kitambulisho, na pengine jina la babu badala ya la baba. Tengenezeni orodha ya tahajia zote zinazowezekana, pamoja na kijiji, lokesheni na wilaya kama zilivyoitwa wakati ule, kisha mwapishe hati ya kuthibitisha kwamba majina yote hayo ni ya mtu mmoja.

Kwanza pekueni nyumbani: kipande (kitambulisho cha enzi ya ukoloni), kitabu cha kusafiria ndani ya nchi walichobebeshwa Wakikuyu, Waembu na Wameru, amri ya kizuizi, karatasi ya kuachiliwa, barua ya kambini, hata kadi ya zamani ya kanisa yenye tarehe ya mtu kurudi. Kisha nendeni Hifadhi ya Nyaraka za Kitaifa, Moi Avenue, Nairobi. Mafungu ya JZ na AH yana mambo mengi ya magereza na kambi, zikiwemo barua ambazo wafungwa waliwaandikia wakubwa kulalamikia vipigo. Aliyeshtakiwa katika mahakama maalumu za hali ya hatari, zile zilizopeleka watu 1,090 kwenye kitanzi, atafutwe katika fungu la MLA. Nyaraka zilizofichwa Hanslope Park sasa ziko katika Hifadhi ya Taifa ya Uingereza, Kew, London, chini ya alama FCO 141, na orodha yake inaweza kusomwa kwa intaneti. Msitarajie kumkuta babu kwa jina humo. Tafuteni kambi yake katika mwaka wake, na ripoti yoyote ya vipigo, vifo au wakaguzi. Nakala ziombwe zikiwa zimethibitishwa na hifadhi, na namba ya faili iandikwe kila mara.

Hatua ya tano: mashahidi, daktari, na kiwango cha uthibitisho

Mtu aliyekaa kambi moja na mzee ni shahidi wa thamani, naye aandikiwe hati yake peke yake, bila kusomewa ya mwenzake. India imelishughulikia jambo hili kwa kina. Serikali ya nchi hiyo ilianzisha pensheni ya wapigania uhuru mwaka 1972 na kuipanua 1980, kwa aliyefungwa angalau miezi sita, au mitatu kwa wanawake na baadhi ya jamii zilizobaguliwa. Kumbukumbu za jela zinapokosekana, cheti cha wafungwa wenza hukubaliwa. Mizozo ilijaa mahakamani. Katika kesi ya Mukund Lal Bhandari (1993) Mahakama ya Juu ya India ilisema mtu asinyimwe pensheni hiyo kwa sababu tu ameomba akiwa amechelewa, na katika kesi ya Gurdial Singh (2001) ikasema dai lipimwe kwa uwezekano, si kwa ukali wa kesi ya jinai, kwani kumtaka mzee athibitishe ya miaka 50 iliyopita bila shaka yoyote ni kuupuuza moyo wa mpango wenyewe. Mwaka 2007, katika kesi ya Kaushalaya Devi, iliongeza kwamba aliyepewa pensheni kwa kufadhiliwa na shaka, yaani ushahidi wake ukiwa haukutimia, hulipwa kuanzia tarehe ya uamuzi, hata kama aliomba zamani. Hukumu hizi hazizilazimishi mahakama za Kenya, lakini wakili anaweza kuzitaja kama hoja ya kushawishi, hasa pale upande wa pili unapodai uthibitisho ambao wakoloni wenyewe waliuharibu.

India imeonyesha pia upande wa giza. Katika kesi ya Bhaurao Dagdu Paralkar (2005), iliyotoka jimbo la Maharashtra, vyeti vya uongo vilisababisha mahakama kusisitiza kwamba ulaghai unabomoa kila haki iliyojengwa juu yake. Shahidi mmoja anayetia saini vyeti kwa maneno yaleyale kwa watu wengi huwaharibia hata wale wakweli waliomo. Msimpokee, hata akija na nia njema.

Daktari naye apewe kazi mahususi. Ripoti ifuate Itifaki ya Istanbul, mwongozo wa Umoja wa Mataifa wa kuchunguza mateso, ambao humtaka daktari aseme ni kwa kiasi gani kila kovu linapatana na maelezo ya mhusika. Apige picha zenye kipimo cha urefu pembeni, na piksha ya eksirei kwa mifupa iliyovunjika. Daktari mwangalifu atataja pia majeraha yaliyotokana na kazi au ajali nyingine, na kufanya hivyo kunaipa ripoti nguvu.

Hatua ya sita: chagueni wakili na epukeni matapeli

Baada ya malipo ya 2013 watu wengi walizunguka vijijini wakitoza wazee ada ya kusajiliwa kwa fedha za Uingereza. Msilipe ada yoyote ya kuingizwa katika orodha. Hakikisheni jina la wakili katika Chama cha Wanasheria cha Kenya, takeni makubaliano ya ada kwa maandishi, na mjue kwamba kifungu cha 46 cha Sheria ya Mawakili (Sura 16) hakitambui makubaliano ya wakili kulipwa iwapo tu kesi itashinda. Hati za asili zisitoke nyumbani. Wakili apewe nakala zilizothibitishwa, na ikibidi kuziwasilisha mahakamani, familia ibaki na stakabadhi.

Hatua ya saba: jiandaeni kwa kifo cha mdai

Ndiku Mutua mwenyewe alifariki kabla ya hukumu ya 2012. Mdai akifa, mtoto hawezi kuendelea na shauri kwa sababu tu ni mtoto. Anahitaji mamlaka ya mahakama chini ya Sheria ya Mirathi (Sura 160), ambayo inaruhusu usimamizi wa muda kwa ajili ya kufungua au kuendesha shauri pekee, na ombi hilo ni fupi kuliko la mirathi kamili. Kubalianeni mapema, mzee akiwepo, ni nani atakayeomba, na wengine wote waandike ridhaa zao, kwa maana ugomvi kati ya nyumba ya mke mkubwa na ya mke mdogo umesimamisha madai mengi yaliyokuwa yakienda vizuri. Pateni cheti cha kifo mara moja, chenye jina linalolingana na lile la hati ya kiapo, na mkiambatanishe na orodha ya tahajia mliyoitengeneza. Maelezo ya marehemu yanaweza kupokelewa kwa masharti ya kifungu cha 33 cha Sheria ya Ushahidi (Sura 80), lakini uzito wake utategemea jinsi yalivyochukuliwa: rekodi kamili ya sauti, jina la aliyehoji, jina la aliyetafsiri, mahali na siku. Majina hayo, mahali na siku viandikwe siku ileile ya mahojiano, juu ya ukurasa wa kwanza, kabla mzee hajaanza kuzungumza.